MUTU WA PILI
Maelezo juu ya hadithi za mutu anayepoteza nafsi yake



Katika somo la Kifaransa tunakutana mara kwa mara na hadithi ambamo mutu mumoja anaonekana kuwa wawili. Wenzetu wengine wanafikiri ni maneno ya uchawi. Wengine wanasema: "Ile ni mambo ya Wazungu, haituangalie." Sisi tunasema hapana. Muji wetu wa Lubumbashi unalijua jambo hili vizuri sana, kwa sababu hapa watu, muji, mukoa na inchi, vyote vilipata jina la pili, na vingine vilirudi tena ku jina la kwanza. Tunataka kueleza jambo lenyewe ni nini, lilipita namna gani kwetu, na juu ya nini linamugusa kila mwanafunzi anayeandika jina lake juu ya karatasi ya mutihani.

1. MUTU WA PILI NI NANI?

Katika vitabu vya Ulaya mufano unaojulikana sana ni ule wa Mrusi Dostoevsky. Mwaka wa 1846 alitoa hadithi ya karani mudogo wa serikali katika muji wa Saint-Pétersbourg, jina lake Goliadkin. Huyu bwana anapenda watu wamuheshimu, lakini hakuna anayemuheshimu. Siku moja anaingia katika karamu ambako hakualikwa, wanamufukuza. Usiku uleule, katika baridi na theluji, anakutana na mutu anayefanana naye kabisa: sura ileile, mavazi yaleyale, hata jina ni lile. Kesho yake anamukuta huyo mutu katika ofisi yao, amekaa anafanya kazi. Mutu wa pili anajua kuchekesha wakubwa, anajua kusema maneno matamu, na kazi aliyoifanya Goliadkin wa kwanza yeye anaipeleka kwa mukubwa kama yake. Pole pole anakula nafasi yote. Mwisho wa hadithi wanamuchukua Goliadkin wa kwanza katika gari, wanamupeleka ku nyumba ya wagonjwa wa akili.

Musomaji mwerevu anauliza: huyo mutu wa pili alikuwako kweli, ao ni kichwa cha Goliadkin kilichomuzaa? Dostoevsky hajibu wazi, na ndiyo maana tunaiita hadithi ya nafsi. Vita haiko inje kati ya watu wawili wenye mikuki. Vita iko ndani ya mutu mumoja, na sisi tunaisikia kwa masikio ya yule anayepigwa.

Miaka makumi ine kiisha, katika 1886, Stevenson wa Scotland aliandika hadithi ya Daktari Jekyll, mutu wa heshima, aliyetengeneza dawa ya kumugeuza kuwa Bwana Hyde, mutu wa ubaya. Mwanzoni Jekyll anaamuru: leo nitakuwa huyu, kesho nitakuwa yule. Mwishoni dawa haimutii tena, na Hyde anakuja bila kuitwa. Na katika mwaka wa 1966 Bergman wa Sweden alitengeneza filme, jina lake Persona. Muchezaji mumoja wa teatre, Elisabet, ananyamaza, hasemi tena na mutu yeyote. Muuguzi anayemutunza, Alma, anakaa naye katika nyumba kando ya bahari, na kwa sababu mwenzake hasemi, yeye anasema, anasema, anamwaga siri zake zote. Pole pole Alma hajui tena maisha anayoyasema ni ya nani.

Lile neno persona ni la Kilatini, na maana yake ya zamani ni kinyago ambacho muchezaji alikivaa mbele ya watu. Kutoka kwake Wafaransa wakapata neno personne. Angalieni sasa: kwa Kifaransa neno lilelile linaweza kumaanisha "mutu", na linaweza kumaanisha "hakuna mutu". Mwalimu akiuliza nani yuko mulangoni, na unajibu personne, maana yake hakuna. Kinyago, mutu, hakuna mutu: hadithi zote za mutu wa pili zinatembea katika njia hii. Mutu anavaa kinyago. Watu wanamupokea kwa kinyago. Siku moja anataka kukitoa, na anaogopa kama chini yake hakuna sura tena.

2. KWETU MAJINA MENGI HAYAKUWA UGONJWA

Mbele ya kusema juu ya hasara, tujue kwanza kwamba kuwa na jina la pili si jambo baya lenyewe. Wazee wetu hawakuishi na jina moja.

Padri Placide Tempels, Mufransisko wa Ubelgiji aliyekaa sana na Waluba wa Katanga, alitoa kitabu chake juu ya filosofia ya Wabantu katika muji huuhuu, Elisabethville, mwaka wa 1945. Watu wamekibishania kitabu hicho sana, na wenye kukibisha wana sababu zao. Lakini katika habari ya majina alisikia jambo muzuri. Alieleza kwamba kwa Waluba kuna jina la ndani, dijina dya munda, ambalo mutu anazaliwa nalo na halimutoki. Halafu kuna jina ambalo mutu analipata akipanda ngazi, kama vile chifu siku ya kusimikwa. Na kuna jina la tatu, mutu anajichagulia mwenyewe, leo linakuja, kesho linaweza kutupwa. Majina ya Kizungu yaliingia katika fungu hili la tatu.

Basi, muzee wa zamani aliweza kuwa na majina matatu ao mane na hakuchanganyikiwa hata kidogo, kwa sababu majina yale yalijuana. Jina la ndani lilikuwa kama nguzo ya katikati ya nyumba. Mengine ni kuta na dirisha. Na watu wa kijiji waliyajua yote. Mutu hakuweza kuwaambia watu wa mashariki kwamba yeye ni Ilunga na wale wa magaribi kwamba yeye ni mwingine, kwa sababu shangazi yake alikuwako na alikumbuka kila kitu.

Hata chifu Msiri wa Bunkeya, ambaye watangulizi wa Injili katika Katanga walimukuta mwaka wa 1886 na ambaye aliuawa katika Desemba 1891, aliitwa kwanza Ngelengwa. Alitoka ngambo ya Tanganyika, akawa mukubwa, akapata jina la ukubwa. Wazao wake wanayataja majina yote pamoja, Mwenda Msiri Ngelengwa, bila haya.

Na mapasa? Hapo mwenzako ana sura yako kweli. Wageni wanaweza kufikiri kwamba kwetu mapasa wanapoteza nafsi. Lakini wazee walipanga mambo: kwa Waluba wa Katanga wa kwanza ni Kyungu, wa pili ni Kabange, kwa wale wa Kasai ni Mbuyi na Kabanga. Sura ni moja, lakini kila mumoja ana jina lake na mahali pake tangu siku ya kwanza. Pale ambapo macho yanachanganya, jina linatenganisha.

3. MWAKA AMBAO MAJINA YALIBADILISHWA KWA AMRI

Sasa tufike ku jambo ambalo wazazi na babu zetu walilipita. Muji huu ulianzishwa na Wabelgiji mwaka wa 1910, wakauita Elisabethville kwa heshima ya malkia wao. Mwaka wa 1966 ukawa Lubumbashi, jina la muto wetu. Jadotville ikawa Likasi. Tarehe 27 Oktoba 1971 Kongo ikaitwa Zaire, na Katanga ikaitwa Shaba. Waliita ile siasa "otantisite", maana yake kurudia ukweli wetu wenyewe. Lakini wenye kusoma historia wanajua kwamba Zaire lenyewe ni neno la Kikongo la kuita muto, nzadi ao nzere, ambalo Wareno walilisikia vibaya zamani. Jina la kurudi kwetu lilikuwa limepita kwanza katika kinywa cha mugeni.

Kiisha kufika Januari 1972, zamu ya watu. Rais Joseph-Désiré Mobutu akawa Mobutu Sese Seko Kuku Ngbendu wa za Banga, na wananchi wakaamuriwa kuacha majina ya Kikristo na kuchukua ya mababu. Padri aliyethubutu kumubatiza mutoto wa Zaire kwa jina la Kizungu aliweza kufungwa. Kardinali Malula wa Kinshasa alipinga, na katika mwaka uleule ilimubidi kukaa Roma kwa miezi. Kwetu Waprotestanti, kiongozi wetu Jean Bokeleale akawa Bokeleale Itofo Bokambanza. Tai ikakatazwa, abakosti ikaingia. "Bwana" na "Bibi" zikatoka, kila mutu akaitwa "sitwayen".

Tusiseme kwa haraka kwamba yote yalikuwa mabaya. Wengi walifurahi. Waliona aibu ya zamani inaondoka, kwa sababu kweli mukoloni alizoea kuita watu wazima kama vile anaita watoto, na katika kampuni kubwa mutu wa kazi alijulikana zaidi kwa namba yake ya matrikule. Kupata tena jina la babu ni heri. Lakini heri iliyoletwa kwa amri ya polisi ina kitu kibaya ndani yake. Mutu ambaye mama yake alimuita Petro tangu siku ya ubatizo alitoka asubuhi akiwa Petro, akarudi mangaribi akiwa mwingine ku karatasi. Akafanya nini? Akajifunza kuwa wawili. Ku kazi na mbele ya komine alikuwa wa karatasi. Nyumbani, na pole pole katika mukutano wa kanisa, alibaki Petro. Wazazi wengi walituhadithia: "Mu njia tulisalimiana kwa jina la Leta, mu lupango kwa jina la ubatizo." Hawakuona hii kama wazimu. Waliona kama mvua: unafungua mwavuli, inapita.

Na ikapita. Tarehe 24 Aprili 1990 Mobutu alitangaza mwisho wa chama kimoja, na tai na majina ya ubatizo vikarudia wazi. Katika Mei 1997 inchi ikawa tena Kongo, na Shaba ikawa tena Katanga. Mwaka wa 2015 mukoa ukagawanywa, sisi tukawa Haut-Katanga. Lakini alama moja ya zamani zile imebaki juu ya kila mumoja wetu. Ukijaza fishe ya masomo, unaandika jina, postnom na prenom. Inchi nyingi hazijui postnom ni nini. Ile postnom ni mutoto wa 1972: ilikuja kukaa pahali pa jina la ubatizo lililofukuzwa, na jina la ubatizo liliporudi halikuifukuza. Kwa hiyo kijana aliyezaliwa miaka mingi nyuma ya mambo yale anaibeba historia ile katika fishe yake bila kujua.

4. MWANA WA LIKASI ALIYEANDIKA MAMBO HAYA

Kuna mwandikaji wa kwetu ambaye aliingia ndani kabisa ya jambo hili. Ni V. Y. Mudimbe. Alizaliwa Jadotville, maana yake Likasi, mwaka wa 1941. Akiwa kijana aliingia kwa watawa Wabenedikto huko Rwanda, kiisha akatoka. Alisoma Lovanium na huko Louvain, Ubelgiji, halafu akafundisha katika chuo kikuu hapa Lubumbashi. Karibu na mwaka wa 1980 aliondoka inchini, akawa mwalimu mukubwa katika Marekani, na huko akafa katika Aprili 2025.

Jina lake la ubatizo lilikuwa Valentin-Yves. Ilipofika amri ya 1972, akachagua Vumbi Yoka. Angalieni vizuri herufi za kwanza: V na Y, tena V na Y. Juu ya vitabu vyake utakuta tu V. Y. Mudimbe. Herufi mbili zinashika majina yote mawili, na hakuna anayeweza kusema mumoja amemuua mwenzake.

Katika 1973 alitoa hadithi, jina lake Entre les eaux, maana yake "Kati ya maji". Mukubwa wa hadithi ni Pierre Landu, padri wa Kongo aliyesoma Roma. Anapenda Mungu, na anaona kanisa lake limekaa karibu sana na wenye nguvu. Basi anaingia katika pori, anajiunga na wapiganaji wa mapinduzi. Je, huko anapata nafsi yake? Hapana. Wapiganaji wanamutazama kama padri. Yeye mwenyewe, akishika bunduki, anajiona kama padri aliyeshika bunduki. Barua aliyomuandikia askofu wake inaanguka katika mikono yao, wanamuhukumu kufa kama musaliti. Anaponea kwa sababu kambi inashambuliwa. Kiisha anakaa na mwanamuke, anaingia katika maisha ya watu wa kawaida, na pale pia anajisikia mugeni. Mwisho anaingia katika nyumba ya watawa, na huko anapewa jina jingine tena. Musomaji anafunga kitabu na hajui kama Landu amefika ao amejificha tu.

Landu haiko mutu mubaya, na tunaomba wasomaji walishike neno hili. Hakuwa Hyde. Kila pahali alitaka kuwa mwaminifu. Shida yake ilikuwa nyingine: kila pahali alipeleka kipande tu. Kwa askofu alipeleka mutiifu; ku pori alipeleka mwenye hasira; nyumbani alipeleka bwana wa nyumba. Hakukuwa mutu hata mumoja duniani aliyemujua wote muzima. Na mutu ambaye hakuna anayemujua muzima, mwisho yeye mwenyewe pia anajisahau.

Mwaka wa 1979 Mudimbe alitoa kitabu kikali zaidi, L'Écart, maana yake "Pengo". Humo kuna kijana Mwafrika, Ahmed Nara, anayesoma historia huko Paris. Anataka kuandika habari za ufalme wa Kuba wa kwetu Kasai, na kuziandika kwa namna ya Mwafrika, siyo kwa macho ya Wazungu. Lakini vitabu vyote vilivyo mbele yake katika maktaba viliandikwa na Wazungu. Kila neno analotaka kutumia juu ya babu zake, analikuta lina alama ya mukono wa mwingine. Anaenda kwa daktari wa akili, anaandika katika dafutari zake siku kwa siku, na mawazo yanakatika katika vipande. Tunazisoma dafutari zile nyuma ya kufa kwake. Goliadkin alikutana na mutu wa pili katika theluji. Nara anakutana naye katika vitabu. Ni yeye mwenyewe, lakini ameandikwa na wengine.

5. JUU YA NINI MUMOJA ANAPOTEA NA MWINGINE HAPOTEI?

Tulinganishe. Katika muji wetu kulikuwa na muchezaji wa teatre, watu wote walimuita Mufwankolo. Yeye na kundi lake walichekesha na kufundisha Lubumbashi kwa miaka mingi, ku radio na ku televizioni, kwa Kiswahili chetu cha kila siku. Mwaka wa 1986 walicheza mchezo juu ya mukubwa anayekula ukubwa peke yake bila kugawanya. Mwalimu wa chuo kikuu Johannes Fabian aliwafuata na kuandika kitabu kizima juu ya kazi ile. Lile jina Mufwankolo lilikuwa jina la mchezo. Lilikuwa kubwa kuliko jina la karatasi. Watu waliliita mu njia na mu soko. Hata vile hakupotea. Juu ya nini? Kwa sababu kinyago chake kilikuwa wazi. Yeye alijua kwamba ni mchezo, na watu walijua kwamba ni mchezo. Hakuna aliyedanganywa.

Daktari Frantz Fanon wa Martinique aliandika mwaka wa 1952 kwamba Mweusi chini ya ukoloni ana namna mbili za kuwa: moja mbele ya Mweusi mwenzake, moja mbele ya Muzungu. Wanafunzi wa Lubumbashi wanaijua. Mu darasa Kifaransa, mu lupango Kiswahili, kwa bibi Kiluba, Kisanga ao Kibemba. Ukirudi kwa bibi na maneno mengi ya Kifaransa wanakucheka. Ukisema Kiswahili mbele ya bwana prefe anakukaripia. Je, sisi wote tuko wagonjwa? Hapana. Lugha tatu si watu watatu. Ugonjwa unaanza siku ile unaona haya kwamba bibi yako afike ku mulango wa masomo na aseme nawe mbele ya wenzako. Siku ile umeanza kumuficha mumoja wako kwa mwingine.

Maandiko yanaeleza jambo hili vizuri kuliko wote. Katika kitabu cha Mwanzo, sura ya 27, Yakobo anavaa ngozi za mbuzi ku mikono na anaingia kwa baba yake kipofu. Baba anauliza yeye ni nani. Yakobo anajibu kwamba yeye ni Esau. Anapata baraka, ni kweli, lakini baraka ile anaipata kwa jina la ndugu yake, na inamulazimisha kukimbia nyumbani. Miaka mingi inapita. Katika sura ya 32, usiku, kando ya muto Yaboki, mutu anashindana naye mpaka alfajiri na anamuuliza swali karibu lilelile: jina lako nani? Safari hii anajibu: Yakobo. Ni jina lenye aibu, jina la mwenye hila. Lakini ni lake. Na ni pale tu anapewa jina jipya, Israeli, na baraka ambayo hakuna wa kumunyanganya. Jina jipya lilikuja nyuma ya kukubali lile la kwanza, siyo nyuma ya kulificha.

Tena muangalie Danieli na wenzake watatu katika Babeli. Mukubwa wa nyumba ya mufalme aliwapa majina mapya kwa amri, na majina yale yalisifu miungu ya Babeli. Hawakupigania majina. Lakini juu ya chakula na juu ya kusujudu walisema hapana. Wazazi wetu wa 1972 walisoma sura ile sana. Walielewa kwamba mufalme anaweza kugeuza namna ya kuitwa. Lakini yule anayeitikia, ni wewe unayemuchagua.

Basi jibu letu ni hili. Mutu hapotei kwa sababu ana majina mawili. Anapotea pale majina yake hayajuani, pale mumoja anafichwa mwingine asionekane, na hakuna tena mutu anayeweza kuuliza "Weye njo nani?" na kupata jibu moja.

6. MU MASOMO YETU

Tumefika ku jambo lenye uzito. Wote tunajua, hata kama hatupendi kulisema, kwamba katika muji kunapitaka mambo ya mutu kukaa ku mutihani pahali pa mwingine, ao kijana kuendelea na masomo kwa karatasi za ndugu ao rafiki aliyeacha. Watu wanasema: "Ni jina tu, haiko kitu." Sisi tunaomba tulifikirie kidogo zaidi.

Diploma ya Leta ina jina. Jina lile litaingia ku chuo, ku kazi, ku karte ya uchaguzi, ku ndoa, ku karatasi za watoto. Kijana aliyepata diploma kwa jina la Kabwe na yeye ni Mwamba (tunachukua mifano tu), atakuwa Kabwe mpaka juu ya musalaba wa kaburi lake. Watoto wake watabeba jina la ukoo ambao hauwajui. Siku mama yake anafika ku kazi na anamuita kwa sauti "Mwamba, mwanangu!", atamukimbilia kumunyamazisha. Mama hajafanya kosa lolote. Amemuita tu kwa jina alilomuzalia. Na yule Kabwe wa kweli je? Siku anataka kurudi ku masomo, anakuta kuna mutu amekwisha kuishi maisha yake. Ile hadithi ya Goliadkin, karani mwenye kula kazi ya karani, tuliifikiri ni ya theluji ya Urusi. Iko hapa, chini ya miembe.

Kuna wazazi wengine ambao karatasi zao hazifanani: chetifika ya mbele ya 1972 ina jina moja, diploma ya nyuma ina jingine. Wao wanafanya nini? Wanaziweka pamoja katika bahasha moja, na ukiwauliza wanakueleza bila kujificha: hili ni langu, na hili pia ni langu, Leta ilibadilisha. Serikali iliwabadilisha kwa nguvu, nao walibaki watu wazima. Kijana anayenunua jina, hakuna aliyemulazimisha, na yeye njo anapotea.

Hata wale ambao hawafikiri kufanya vile, kila mumoja ana Hyde wake mudogo. Kuna yule wa siku ya Mungu anayeimba katika koro, na yule wa Posho ku kona ya njia. Wote wawili wanavaa viatu vilevile. Hatusemi hii kwa kuhukumu. Mutume Paulo mwenyewe, katika barua kwa Waroma sura ya 7, anasema wazi juu ya vita ya ndani, kati ya kile anachotaka na kile anachofanya. Lakini angalieni: Paulo aliisema. Aliiandika, akaipeleka kwa kanisa isomwe kwa sauti. Landu hakumuambia mutu maneno yote. Goliadkin alizunguka peke yake mu usiku. Paulo aliweka watu wake wote wawili mbele ya ndugu na mbele ya Mungu, na ndiyo njia ya kutoka.

Kwa hiyo shauri letu ni ndogo. Kila mumoja atafute angalau mutu mumoja, mzazi, mwalimu, mchungaji ao rafiki wa kweli, ambaye anamujua muzima: ule wa darasa, ule wa lupango, ule wa kanisa na ule wa kona. Na ku karatasi ya mutihani, uandike jina lako, hata kama alama zitakuwa kidogo. Alama kidogo za jina lako zinaweza kuongezeka mwaka ujao. Alama nyingi za jina la mwingine, hakuna siku zitakuwa zako.

MASWALI YA KUFIKIRI NA KUZUNGUMUZA

1. Una majina mangapi, na nani alikupa kila moja? Wazazi wako wanaweza kukuelezea yale usiyoyajua.
2. Pierre Landu alikosa nini kila pahali alipoenda?
3. Kati ya Yakobo mbele ya Isaka na Yakobo ku Yaboki, nini ilibadilika?
4. Kuna tofauti gani kati ya muchezaji wa teatre na mudanganyifu, kama wote wawili wanavaa kinyago?

Majibu muzuri yanaweza kuletwa kwetu yakiandikwa, na kila mumoja atie jina lake mwenyewe chini.